Hesabu ya Nyumba ya Mkopo

Mume na mke wanaopanga mjini Kampala huiona kodi ya kila mwezi kuwa ni fedha itupwayo, na mkopo wa nyumba kuwa ndio wokovu. Yafaa wakae mezani na kalamu kwanza. Mkopo wa shilingi milioni 100, kwa riba ya asilimia 18 kwa mwaka, ukilipwa kwa miaka 20, hudai kama shilingi 1,543,000 kila mwezi. Mwezi wa kwanza riba humeza 1,500,000. Deni lenyewe hupungua kwa shilingi 43,000 tu. Baada ya miaka 10 watakuwa wamekwisha kutoa milioni 185, na bado wanadaiwa karibu milioni 86! Hadi mwisho, milioni 100 zitakuwa zimerudishwa kwa milioni 370, mbali na bima na ada ya mthamini.

Muda ndio ulao fedha. Kwa miaka 15 nyongeza ni kama shilingi 67,000 kwa mwezi, na jumla hushuka hadi milioni 290.

Sheria ya Rehani ya Uganda ya mwaka 2009 haikubali nyumba ya familia iwekwe rehani pasipo ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Basi sahihi ya mke si heshima tu kwa mumewe, kwani malipo yakishindikana nyumba huuzwa, na watoto hutoka pamoja na vyombo. Kabla ya kuitia, na aombe jedwali la malipo, aulize kama riba yaweza kupandishwa, na kama kulipa mapema kuna adhabu. Mume naye asione haya akiulizwa hayo mbele ya karani wa benki.