Muuza Kahawa Naye Apewe Maneno

Katika miaka yangu yote ya uigizaji, sikuwahi kuwa bwana harusi. Nilikuwa karani wa mahakama, jirani mbeya, ami aliyekuja kusuluhisha ugomvi, na zaidi ya yote, muuza kahawa. Kikundi chetu cha Ng'ambo, Unguja, kilifanya mazoezi uani, kila mtu akija na nguo zake. Malipo yalikuwa nauli na chai.

Jukwaa letu kubwa lilikuwa Televisheni Zanzibar, iliyoanza mwaka 1973 na picha za rangi, wakati Bara ilingoja hadi miaka ya 1990 kupata televisheni. Mchezo ulirekodiwa moja kwa moja. Mmoja akikosea, sote tunaanza upya. Naingia na dele la kahawa mkono mmoja, vikombe mkono wa pili, nikivigonga kabla sijaonekana. Hakuna aliyenifundisha, maana mlio ule nilikua nao barazani. Nilikuwa na maneno yangu pia: salamu, utani, na habari ya mjini iliyowasha moto wa mchezo mzima.

Baadaye zikaja filamu za kanda na za sidii, na wageni wenye kamera wakijaa Mji Mkongwe. Malipo yakawa ya siku, mkataba unasainiwa asubuhi. Kipande kimoja kinarudiwa pembe hii na ile, na kikombe lazima kiwe mkono ule ule kila mara. Kazi ilipata nidhamu, lakini muuza kahawa akanyang'anywa ulimi. Walitaka kofia na kanzu. Nipite nyuma ya mhusika mkuu, nipotee uchochoroni.

Mwaka 2021 ilitoka Vuta N'Kuvute, filamu ya Amil Shivji kutokana na riwaya ya Adam Shafi. Kisa ni cha Yasmin, lakini mimi macho yangu yalikuwa kwa Mwajuma, aliyechezwa na Siti Amina, mwimbaji wetu wa hapa hapa. Yasmin anapoikimbia ndoa, anapokewa na Mwajuma. Muondoe Mwajuma, hadithi haina pa kwenda.

Basi nyinyi vijana mnaoandika filamu Unguja, kidole kimoja hakivunji chawa. Muuza kahawa mwandikieni maneno yake, na jina lake liandikwe mwishoni pamoja na ya wenziwe.