Bawabu Aliyejificha: Kumkumbuka Charles Bukeko

Wahenga walinena kuwa kazi mbi si mchezo mwema. Methali hii huihimiza jamii kuithamini kazi yoyote ya halali kuliko starehe. Hata hivyo, yupo msanii mmoja aliyeichukua kazi inayodharauliwa akaifanya mchezo mwema. Msanii huyo ni marehemu Charles Bukeko.

Bukeko alikuwa mwigizaji wa jukwaani kabla ya kujulikana runingani. Kuanzia mwaka wa 2007, kipindi cha Papa Shirandula, alichokibuni, akakiandaa na kukiigiza kama mhusika mkuu, kilionyeshwa katika runinga ya Citizen. Kisa chenyewe ni chepesi. Shirandula ni bawabu. Asubuhi huondoka nyumbani akiwa amevaa suti. Afikapo kazini huivua na kuvaa sare. Mkewe, Wilbroda, aliyeigizwa na Jacqueline Nyaminde, anaamini kuwa mumewe ana cheo ofisini. Kinaya hicho ndicho uti wa mgongo wa kipindi: hadhira inajua asilolijua mke.

Wapo wahakiki waliolalamika kwamba vipindi vya aina hii huiharibu lugha, kwa kuwa wahusika huzungumza Kiswahili kilichosheheni lafudhi za lugha zao za kwanza. Lalamiko hili si geni. Lingeweza kuelekezwa pia kwa Benson Wanjau, Mzee Ojwang wa Vitimbi, aliyefariki mwaka wa 2015. Wanjau alikuwa Mkikuyu, lakini aliigiza kwa lafudhi ya Kijaluo kwa ustadi hivi kwamba watazamaji wengi walimdhania Mjaluo. Lafudhi kwake haikuwa upungufu wa lugha, bali vazi la sanaa, kama kofia na miwani yake. Bukeko alirithi ufundi huo, akautia katika kinywa cha bawabu wa Kiluhya.

Swali zito zaidi ni hili: je, watazamaji walimcheka bawabu, au walicheka pamoja naye?

Katika soko la Ntimaru, karibu na mpaka wa Tanzania, palikuwa na hoteli yenye runinga moja ndogo. Kipindi kilipowadia, viti havikutosha. Miongoni mwa watazamaji alikuwamo mzee mmoja, mlinzi wa shule, aliyepitia pale kunywa chai kabla ya zamu ya usiku. Daima alikaa karibu na mlango, koti lake zito limefungwa vifungo vyote hadi shingoni. Chini ya koti hilo ilikuwamo sare.

Jioni moja kijana mmoja alimwita kwa sauti, "Papa Shirandula!" Hoteli nzima ikaangua kicheko. Mzee alikiweka kikombe mezani, akasubiri kicheko kipoe.

"Mwenzangu anamficha mkewe," akasema. "Mimi wangu anajua. Watoto wetu wanne wamesomeshwa na lango lile."

Hakuna aliyecheka. Kijana yule aliinamisha kichwa, akasema, "Samahani, Mzee." Lakini jina lilikuwa limekwisha kumganda. Kadiri miaka ilivyopita, mzee akawa analiitikia bila kinyongo, na koti akalifungua vifungo, hasa usiku wa joto.

Tarehe 18 Julai 2020, Bukeko alifariki jijini Nairobi kutokana na maradhi ya Korona. Siku mbili baadaye alizikwa nyumbani kwao katika Kaunti ya Busia, chini ya masharti makali ya afya yaliyowazuia wengi waliompenda kumsindikiza. Shule nchini zilikuwa zimefungwa, ila lango halikosi mlinzi. Huko Ntimaru, watu waliokuwa wakipita njia walisimama mbali kidogo, barakoa usoni, wakampa mzee yule pole kana kwamba amefiwa na ndugu.

"Pole, Mzee. Mwenzako ametutoka."

"Ahsanteni," aliwajibu. "Alitufanyia kazi."

Pengine jibu la swali lile limo katika pole hizo. Watu hawampi pole mtu wanayemdharau. Shirandula alijificha mbele ya mkewe kwa miaka mingi, na kwa kujificha kwake aliwafanya watazamaji wawaone mabawabu ambao walizoea kuwapita bila salamu. Msomi wa fasihi anayeupima ucheshi kwa usanifu wa lugha pekee atayasikia makosa ya Shirandula, asimwone mtu aliyesimama langoni.