Sasa Huo Ua Anaufagia Nani?

Jumatatu, 3 Februari
Saa nne nzima nimemrikodi Bibi kwa filamu yangu, na chenye uhai ni dakika sita. Akiona taa nyekundu tu anavuta mtandio, Kiswahili kinageuka cha redio. Nikizima, hapo hapo karudi kuwa yeye, anamtukana paka. (Paka ndiye nyota wangu, inaelekea.)
Nimemuuliza tena kama anajiona Mzanzibari au Muomani. Kanitazama kama nimemuuliza ana miguu mingapi. "Nipe hayo maji, mjukuu wangu."

Jumatano, 5
Usingizi hauji. Nimerudia So Far from India, ile filamu ya Mira Nair ya mwanzo mwanzo, kabla ya Salaam Bombay! kumpa jina mwaka 1988. Muuza magazeti New York, kwenye treni za chini ya ardhi. Mkewe yuko India, anangoja. Mume anauza gazeti, mke anangoja, na mimi nimekaa nimebana pumzi. Karatasi yangu ya kumhoji Bibi ina maswali 22! Nimeichana. Kisha nimeiokota, nikaiunga kwa gundi. Mwoga.

Ijumaa, 7
Baada ya pweza wa nazi (kampika mwenyewe, hataki mtu aguse sufuria) nimemwekea Bibi Mississippi Masala, ya Nair pia. Nilitaka kuunasa uso wake. Nilidhani Denzel Washington atamchekesha. Wapi! Mapenzi ya vijana hakuyajali hata chembe. Lakini pale mwanzo, Kampala, 1972, siku 90 Amin alizowapa Waasia kuondoka, watu wanafunga mizigo, kakaa wima. Kisha Greenwood, Marekani, moteli, na yule baba, Jay, miaka nenda rudi anaidai serikali ya Uganda nyumba yake.
"Mpumbavu huyu."
Kimya. Kisha, polepole: "Sasa huo ua anaufagia nani?"
Nywele zilinisimama. Nikageuka kutazama kinasa sauti. Hakijawashwa.
Sitaki kuandika zaidi leo.

Jumamosi, 8
Nimemwomba aseme tena. Kasema, kwa sauti ya redio. Nimefuta.

Jumapili, 9
Mtayarishaji kapiga simu. "Utambulisho" haujitokezi, anasema. Anataka mtu atamke mbele ya kamera kwamba yeye ni wa kote na si wa popote. Nimeitikia ndiyo, ndiyo, huku nachora paka kwenye bahasha.
Mbona Nair hasemeshi watu hivyo? Mzaliwa wa Rourkela, kasoma Harvard, filamu yake moja imempeleka Kampala na Kampala ikawa kwake. Angekuwa na haki ya kuhutubia. Badala yake, kwenye The Namesake, Ashima hajamwona hata uso mwanamume aliyetoka Marekani kuja kumposa. Anaona viatu vyake mlangoni, anaingiza miguu. Marekani nzima imo mle. (Si kila kitu chake nakipenda. Amelia niliiachia njiani.)
Mimi kiatu changu kiko wapi? Nimepekua makabati ya Bibi kama mwizi. Picha, hirizi, risiti za mwaka 1981. Hakuna.

Jumanne, 11
Alfajiri. Nimeamshwa na sauti: kwaru, kwaru, kwaru. Bibi yuko roshani, ghorofa ya tatu, ameinama na ufagio wa chelewa, ule alioletewa kutoka Unguja. Anafagia kutoka ukutani kuja nje, mistari imenyooka, kama kuna majani. Vumbi tu, la Maskati. Miaka yote nalala hapa, sauti hii naifunika kwa mto!
Sikumuuliza kitu. Nimekaa sakafuni na kamera. Kaniona, kaendelea, hata mtandio hakuuvuta.
Dakika 11. Kinasa sauti kilikuwa kimewaka, nimekikagua mara tatu. Paka kapita katikati ya picha, mkia juu. Nimemwacha.