Mdimu Mbele ya Kamera

Kila muhula wanafunzi wangu hurudia pendekezo lile lile: Amezidi ya Said Ahmed Mohamed irekodiwe kwa ajili ya runinga, na Ame na Zidi, pangoni mwao, wazungukwe na wachezaji waliovaa vinyago vya midimu vya huku kwetu Newala. Ubwege wa kisasa ukutane na kifo cha jadi. Nusu ya pendekezo naiunga mkono.

Katika jadi ya Kimakonde, mdimu ni marehemu aliyerudi. Mchezaji hufunikwa mwili mzima, asitambulike. Wanawake na watoto wasiopitia jando huambiwa kwamba huyu si mtu. Mama aliyeishi na mumewe miaka ishirini hawezi kukosa kuujua mwendo wake, hata chini ya kinyago. Hata hivyo hupiga yowe na kukimbia. Mbio zile ndizo tamthilia yenyewe. Kamera ikikaza jicho kwenye kinyago, itakuwa imenasa kipande cha mti.

Kamera si ngeni hapa. Mwaka 1906, majeraha ya Maji Maji yakiwa mabichi, Mjerumani Karl Weule alikaa Newala na mashine ya sinema na fonografia, akinasa ngoma na sauti. Mavuno yake yalikwenda Ujerumani. Julai 29, 2020 kamera zilikuja jirani, Lupaso, Masasi, kwenye maziko ya Rais mstaafu Benjamin Mkapa. Nchi nzima ilitazama: itifaki, vyeo, jeneza mikononi mwa wanajeshi. Sikosoi heshima ile, alistahili. Lakini msiba wa kijijini humpa kila afikaye kazi: huyu achimbe, yule achote maji, mwingine apike. Mtazamaji wa runinga hana jembe.

Ndiyo maana Amezidi inaifaa runinga. Ame na Zidi ni watu wa kungoja kufanyiwa, na aliye mbele ya kioo anangoja vilevile, atajiona. Midimu haivumilii mtazamaji wa namna hiyo. Tena, ruhusa yake haitoki kwa mhadhiri, wala kwa ofisa utamaduni mwenye mhuri. (Maofisa wanisamehe.) Inatoka kwa wazee wa jando, na naongeza, kwa wanawake wanaokimbia.

Wanafunzi wamekwenda kuwauliza. Wazee wamesema watafikiri. Akina mama wameuliza kwanza picha zitauzwa wapi.