Picha Walizojilipia Wenyewe

Alfajiri ya tarehe 18 Aprili 1906 tetemeko liliipiga San Francisco, moto ukafuata, na mtaa wa Wachina, Chinatown, ukateketea wote. Studio ya Arnold Genthe, mpiga picha mzaliwa wa Berlin, nayo iliungua pamoja na karibu kila alichokuwa nacho. Vilivyosalimika ni vioo vya picha alizopiga Chinatown kwa miaka kama kumi, kwa kuwa rafiki yake, mwandishi Will Irwin, alikuwa amemhimiza avihifadhi benki. Leo picha hizo zimo katika Maktaba ya Bunge la Marekani, na ukitaka kuiona Chinatown ya zamani, ndizo utakazowekewa mbele yako kwanza.

Vancouver, Kanada, mwaka 1986, studio ya mpiga picha Yucho Chow ilifunga milango. Mwenyewe alikuwa ameshafariki tangu 1949, na wanawe wawili ndio waliokuwa wakiiendesha. Filamu za miongo mingi, zenye nyuso za maharusi, watoto wachanga, vibarua, askari na maiti waliolazwa kwenye majeneza wakiwa wamezungukwa na jamaa zao, zilitupwa. Hapakuwa na tetemeko wala moto. Hapakuwa tu na aliyezitaka.

Mimi ni mzee wa Mombasa niliyewafuata watoto wangu Vancouver, na Main Street, ilikokuwa studio ya mwisho ya Yucho Chow, ni njia yangu ya kila wiki nikienda sokoni. Habari hizi mbili zimenikaa moyoni. Naona kizazi kile cha Wachina waliovuka bahari kimetazamwa sana lakini hakijaonekana, na sababu mojawapo ni hii: picha walizopigwa bila ridhaa yao ziliwekwa benki, na picha walizozilipia kwa jasho lao zilikwenda jalalani.

Sitaki kumdhulumu Genthe. Picha zake ni nzuri kweli. Alifika San Francisco mwaka 1895 kama mwalimu wa nyumbani wa mtoto wa tajiri mmoja, akavutiwa na mtaa ule, akanunua kamera ndogo aliyoweza kuificha, akawa anasimama pembeni kusubiri. Watu wengi wa mtaa hawakutaka kupigwa picha, na baadhi ya waandishi wa siku zile walisema ni ushirikina. Hebu tuitazame sheria iliyokuwapo. Tangu 1882 Marekani ilikuwa imewafungia mlango vibarua wa Kichina. Mwaka 1892 ikaja sheria nyingine ya kuwataka wale waliokwisha ingia wawe na cheti cha ukaazi, na muda si muda cheti hicho kikatakiwa kiwe na picha. Aliyekutwa hana cheti angeweza kutiwa ndani na kurudishwa China. Mtu anayeishi hivyo, akimwona Mzungu asiyemjua ameficha kamera ndani ya koti, kugeuza uso si ushirikina. Ni akili.

Kisha kuna jambo ambalo mwanahistoria John Kuo Wei Tchen alilionyesha katika kitabu alichotoa mwaka 1984. Aliziweka picha zilizochapishwa karibu na zile za asili, akaona kwamba Genthe alikuwa akizikata na kuzifuta. Maandishi ya Kiingereza kwenye mabango ya maduka yalikwanguliwa. Nguzo na nyaya ziliondolewa. Wazungu waliokuwa wakipita walitolewa. Genthe aliitaka China ya ndotoni mwake, isiyo na nyaya, na mtaa ulikuwa wa Marekani, wenye watu waliojua bei ya samaki kwa lugha mbili. Hata watoto wa picha zake mashuhuri, wale waliovaa hariri na kofia za kutarizi, wengi walikuwa wamevalia sikukuu. Ni kama mtu aje Lamu siku ya Maulidi tu, apige picha, kisha aiambie dunia kwamba hivyo ndivyo tunavyokwenda kisimani.

Sasa twende kwa Yucho Chow. Alizaliwa China mwaka 1876, akafika Vancouver mwaka 1902, akafanya kazi za chini kwanza kama wenzake, na kuanzia karibu mwaka 1907 akawa na studio yake ndani ya Chinatown. Alikuwa fundi wa mtaa. Wateja wake walipanda ngazi kwa miguu yao, wakatoa pesa, wakasimama wanavyotaka wao.

Naomba tusimame kidogo mbele ya picha ya aina hiyo, maana ndimo kizazi kile kilimojieleza. Kijana ameketi kwenye kiti cha mgongo mrefu, au amesimama, mkono mmoja juu ya meza ndogo. Nyuma yake pazia lililochorwa nguzo na bustani. Suti imenyooka, tai imefungwa, nywele zimepakwa mafuta, mnyororo wa saa unaning'inia kifuani. Viatu vinang'aa. Uso hauna tabasamu. Chini pembeni kuna muhuri wa studio, na muhuri ule baadaye ndio uliokuja kuokoa mambo.

Vijana husema picha kama hiyo ni uongo. Huyu, wataniambia, alikuwa akiosha vyombo hotelini, au akipiga pasi nguo za watu usiku kucha kwenye dobi, au akipasua samaki kwenye kiwanda cha kopo, na hiyo suti huenda ni ya kuazima. Nawajibu: suti yaweza kuwa ya kuazima, lakini picha si uongo. Ilikuwa inakwenda Guangdong, kusini mwa China, kwa mama yake. Bila shaka ilifunguliwa mbele ya shangazi na majirani, ikapita mkono kwa mkono. Kijana yule alijua, akiitazama kamera, nani atakayemtazama upande wa pili. Alichotaka kusema ni kwamba ningali mzima, sijapotea, pesa zitakuja, lala usingizi mama. Sisi wa Pwani tuliopelekwa studio siku ya Idi, viatu vinatubana na baba kashasema tusicheke, twajua picha ile ilikuwa ya nani. Ilikuwa ya babu aliyeko Unguja, na ya ami aliyeko Maskati.

Uso uleule ulipigwa picha nyingine, nayo haikuwa ya mama. Kanada ilianza kuwatoza Wachina kodi ya kichwa mwaka 1885, na mwaka huohuo reli ya Pasifiki ilikamilika. Zaidi ya Wachina 15,000 waliijenga sehemu yake ya British Columbia, mamia wakafa, na katika picha maarufu ya kupigilia msumari wa mwisho pale Craigellachie, tarehe 7 Novemba, hayumo hata mmoja. Walipokwisha tandika reli, wakatozwa mlangoni: dola 50 kwanza, 100 mwaka 1900, na 500 kuanzia 1903, ambazo zilikuwa kama mshahara wa miaka miwili. Zaidi ya watu 80,000 waliilipa, na serikali ikakusanya kama dola milioni 23. Kila aliyelipa alipewa cheti, na baadaye kikaja kuwa na picha ya mwenyewe. Uso mbele, macho wazi, namba. Hakuna pazia lenye bustani.

Tarehe 1 Julai 1923, sikukuu ya taifa la Kanada, mlango ulifungwa kabisa kwa sheria mpya. Wachina waliita siku hiyo Siku ya Fedheha, na mwaka baada ya mwaka wenye maduka walifunga maduka yao. Kila Mchina aliyekuwamo nchini, hata aliyezaliwa hapahapa, alitakiwa ajiandikishe. Sheria hiyo ilidumu hadi 1947, na katika muda wote huo wahamiaji wa Kichina walioruhusiwa kuingia hawakufika hamsini. Miaka ishirini na minne. Mtu aliyemwacha mkewe na mimba alikuja kumwona mtoto akiwa mtu mzima, au hakumwona. Wapo waliozeeka katika vyumba vya kupanga vya Chinatown, kitanda, jiko moja na sanduku, na nyumbani mke akazeeka na mama mkwe akimsubiri mtu wa kwenye picha.

Hapo ndipo ulipoingia ufundi ambao kila nikiufikiria hunichoma. Studio za Chinatown zilijifunza kuunganisha watu ambao sheria iliwatenganisha. Baba anapigwa Amerika, mke na watoto wanapigwa kijijini, picha yao inatumwa kwa meli, na fundi katika chumba cha giza anakata, anabandika, anapiga upya, mpaka baba anasimama nyuma ya watoto ambao pengine hajapata kuwashika. Studio ya May's ya San Francisco, iliyofunguliwa na mume na mke katika miaka ya 1920, ilisifika kwa kazi za namna hiyo. Ukiitazama picha kama hiyo kwa makini unaona kivuli kimoja kinaelekea kushoto na kingine kulia. Genthe alifuta ili mtaa uonekane alivyoutaka yeye. Hawa waliongeza, ili familia iwe kama Mungu alivyoiumba. Kwangu mimi vitendo hivi viwili haviko katika mizani moja, ijapokuwa mkasi ni uleule.

Picha nyingi za May's nazo zilitupwa, na mtu mmoja mpenda sanaa alizikuta kwenye taka akazichukua. Niliposoma habari hiyo nilijiuliza kwa nini inajirudia: taka za San Francisco, taka za Vancouver. New York pia, Tchen yuleyule na mwenzake Charlie Lai walipoanza mwaka 1980 kazi iliyokuja kuwa jumba la makumbusho la Wachina wa Marekani, baadhi ya vitu vyao vya kwanza waliviokota vilipotupwa barabarani wazee walipofariki.

Wengine huwalaumu wajukuu. Mimi nasema sisi wazee tuna fungu letu. Kizazi kile kilinyamaza. Wengi waliingia kwa majina ya kununua, wakajiita wana wa watu ambao hawakuwazaa, hasa baada ya moto wa 1906 kuunguza daftari za vizazi za San Francisco. Mtu aliyeishi miaka arobaini kwa jina la karatasi hawezi kumpakata mjukuu na kumsimulia kila kitu. Ilikuwa hatari, kisha ikawa aibu, kisha ikawa mazoea. Nawaelewa. Lakini picha isiyo na msimulizi hushika vumbi haraka, na mjukuu akikuta sanduku la watu asiowajua, wamevaa suti, bila jina nyuma, afanyeje?

Catherine Clement wa Vancouver alifanya ambalo naliona ni la heri. Alipokuwa akikusanya habari za askari wa Kanada wenye asili ya Kichina waliopigana vita vya pili vya dunia, aliuona muhuri wa Yucho Chow kwenye picha za nyumba moja, kisha ya pili, kisha nyingine. Filamu hazipo tena, lakini kila mteja aliondoka na nakala yake. Basi akabisha hodi nyumba kwa nyumba, miaka kwa miaka, na mwaka 2019 akafanya maonyesho.

Kilichotoka madroo yale kiliwashangaza wengi. Wachina walikuwamo, naam, lakini pia Kalasinga wenye vilemba, familia za watu weusi waliokaa mtaa wa Hogan's Alley, wahamiaji wa Ulaya ya Mashariki, wenyeji wa asili wa nchi hii, na ndoa za mchanganyiko ambazo mji haukutaka kuziona. Walikwenda kwa Yucho Chow kwa sababu hakuwafukuza. Hogan's Alley yenyewe haipo leo. Mji uliipasua karibu mwaka 1970 ili kupitisha barabara ya juu, na kwa baadhi ya familia hizo picha ya Mchina yule ni miongoni mwa ushahidi mchache kwamba walikaa pale wakavaa vizuri.

Mwaka 2014, kule Utah, Corky Lee, mtoto wa mwenye dobi wa New York, alifanya jambo la aina hiyo kwa njia nyingine. Aliwakusanya watu wa asili ya Kichina, wakiwamo wazao wa wajenzi wa reli, akawapanga pale Promontory, ambapo picha ya 1869 ya kukamilika kwa reli ya Marekani iliwaacha nje wajenzi wa Kichina. Alifariki kwa Uviko mwaka 2021, akiwa ameshapiga mitaa ya Wachina kwa takribani miaka hamsini, mchana kweupe, watu wakimjua kwa jina.

Nayo serikali ya Kanada iliomba radhi mwaka 2006 na kuwapa dola 20,000 wale waliolipa kodi ya kichwa waliokuwa bado hai, au wajane wao. Wengi walikuwa wameshazikwa.

Picha alizozikusanya Clement sasa zinahifadhiwa kidijitali, na wachunguzi wanaendelea kuuliza nyuso zisizo na majina. Mtoto mchanga aliyepakatwa mbele ya lile pazia mwaka 1949, mwaka aliofariki Yucho Chow, sasa anakaribia themanini. Bado anaweza kuulizwa, na ndicho ninachowasihi wajukuu wa Chinatown ya Vancouver, wa Pender Street na Main Street, wa Kichina, wa Kalasinga na wa watu weusi, wakifanye mwaka huu. Waketi naye na picha mezani. Wamuulize aliyesimama kulia ni nani, koti lilikuwa la nani, jina lililoko kwenye cheti ni lake au la karatasi, na nakala ya pili ilitumwa kijiji gani.