Ndege Inajua, Lakini Inangoja Mkono

Mteja alitaka maneno elfu moja kuhusu VNAV kabla ya saa kumi na mbili asubuhi. Sikujua VNAV ni mnyama gani. Nilichojua ni kwamba naishi Embakasi, ndege zinapita juu yetu mchana na usiku, na rent imechelewa. Nikamwambia sawa, nikaweka chai, nikaanza kusoma.

VNAV ni ile sehemu ya kompyuta ya ndege inayoshughulikia kupanda na kushuka. Mimi nilidhani kushuka ni kuinamisha pua tu. Kumbe hesabu yake huanzia mwisho. Kompyuta inaanza pale ndege itakapotua, inarudi nyuma angani kwa mteremko wa karibu nyuzi 3, inaweka masharti ya njiani (hapa usiwe chini ya kimo hiki, pale punguza kasi) na upepo ambao marubani wameingiza, mpaka ifike kwenye kimo cha safari. Hapo inaweka alama: anza kushuka hapa.

Marubani wana hesabu ya kichwa ya kuikagua. Kila futi 1,000 za kushuka zinataka maili 3 za baharini. Ukiwa futi 35,000 ukielekea Mombasa, karibu na usawa wa bahari, unahitaji kama maili 105, na nyingine kidogo za kupunguza kasi. Ukija Nairobi ni kama 90, kwa sababu uwanja wenyewe uko zaidi ya futi 5,300 juu.

Ikifika kwenye alama, injini zinapunguzwa hadi chini kabisa. Pale Salgaa, madereva wa malori wamelaumiwa miaka mingi kwa kuteremka na gia nyutro ili waokoe mafuta. Ndege hufanya kitu kama hicho, ila kwa mpango. Na kwa kuwa injini hazisukumi, lazima ichague: ishike mstari, kasi icheze kidogo, au ishike kasi, mstari ucheze. Upepo wa nyuma ukizidi ule uliotarajiwa, rubani anainua vibao vya breki juu ya mabawa.

Halafu nikafika kwenye kitu kilichonifanya niache kuandika. Kwenye Boeing 737, mbele ya marubani kuna dirisha dogo la namba, la kimo. VNAV haishuki chini ya namba iliyo pale. Kama bado inasoma 35,000, ndege itafika kwenye alama, itatoa ujumbe kwamba kimo kiwekwe upya, kisha itaendelea mbele, imenyooka tu. Inajua. Hesabu yote inayo. Lakini mpaka mtu azungushe kile kifundo, haishuki. Na kila maili inayopita, mteremko uliobaki unazidi kuwa mkali.

Mimi nilijua tangu mwaka wa pili kwamba campo imeisha. Sikuwa nimemwambia mathe. Mihula miwili alikuwa akituma pesa ya mboga kwa M-Pesa na kuuliza, “Masomo?” nami najibu, “Poa, mum.” Nimenyooka tu.

Nilitaka kumalizia makala kwa kusema mkono wa binadamu ndio salama. Haikuwezekana. Tarehe 3 Septemba 1974, kabla ya haya mambo ya VNAV kuenea, Boeing 747 ya British Airways ilikuwa inakuja kutua hapa Nairobi. Iliruhusiwa kushuka hadi futi 7,500. Marubani walielewa 5,000, wakaweka hiyo. Yaani chini ya uwanja wenyewe. Otopailoti haikubisha, ikashuka kwa utiifu ndani ya mawingu. Walipotoka mawinguni waliona ardhi, wakaivuta juu. Ilikuwa imebaki kama futi 70.

Kwa hivyo mmoja akiweka namba, mwenzake huiangalia na kuithibitisha kwa sauti. Mashine hufuata ilichoambiwa. Haiulizi kama ni kweli.

Nilituma kazi saa kumi na moja. Nikampigia mathe kabla hajaenda sokoni, maana nikingoja kupambazuke vizuri ningepata sababu nyingine.

“Tangu lini?” akauliza.

“Tangu mwaka jana.”

“Na pesa yangu?”

“Rent, mum. Na chakula.”

Akakata simu. Siku nzima hakupiga, na mimi sikulala. Ndege zikaendelea kupita, nikawa nazihesabu.

Jioni akapiga. Hakunigombeza. Akaniambia nirudie yote tangu mwanzo, polepole, nisiruke kitu. Nikarudia. Kila nilipotaja mwezi, na yeye akautaja.