Mkorosho ulipanda merikebu, mkoko ukaishia njiani

Leo siasa tuiweke pembeni kidogo, tuongee miti. Najua wengine mmeshaanza kupiga miayo, lakini vumilieni, maana miti nayo ina siasa zake.

Ukitoka Dar kwa barabara ya Kilwa, ukishapita Mkuranga, dirishani ni mikorosho na miembe mpaka Kibiti. Muulize abiria yeyote, atakwambia hiyo ndiyo miti ya asili ya Pwani, miti ya mababu. Mababu waliipanda kweli, ila kwao siyo hapa. Mwembe kwao ni Asia ya Kusini. Muhogo unaouzwa pale barabarani Bungu kwao ni Amerika ya Kusini. Na mkorosho, huu unaosomesha watoto wa watu, kwao ni Brazil. Wareno ndio walioutoa huko katika karne ya 16 na kuusambaza pwani za Bahari ya Hindi, kwa merikebu zilizozunguka Rasi ya Tumaini Jema. Ikumbukeni hiyo rasi, nitairudia.

Sasa shuka kutoka Kibiti hadi Nyamisati, panda boti, ingia delta ya Rufiji. Huko unakutana na miti ambayo haikuletwa na mtu. Ni mikoko, msitu mkubwa kuliko yote ya aina hiyo Tanzania. Mwanzoni mwa miaka ya 1990 ulihesabiwa kuwa na zaidi ya hekta 53,000.

Ilifikaje? Kwa maji. Mbegu ya mkoko huota ikiwa bado juu ya mti mzazi. Mche unaning'inia kama mshumaa, unaanguka, unaelea na mkondo kwa siku au wiki nyingi, na ukikwama kwenye tope unatoa mizizi. Kwa mtindo huo, kizazi baada ya kizazi, mkoko huu huu wa Rufiji umesambaa pwani za Bahari ya Hindi mpaka kaskazini mwa Australia. Mchu ndio usiseme, umefika hadi New Zealand.

Lakini hebu tazama Nigeria, nchi ya bara letu hili hili. Mikoko yake ni ya jamii nyingine, na ndugu zake wako Brazil, ng'ambo ya Atlantiki. Kwa nini? Rudi kwenye ile rasi. Mikoko haivumilii baridi. Ya upande wetu inashuka hadi mkoa wa Eastern Cape, Afrika Kusini, na kuishia hapo. Ukizunguka upande wa magharibi, mkondo wa Benguela unapandisha maji baridi. Zamani za kale kulikuwa na njia ya bahari kaskazini, kati ya Afrika na Asia, lakini mabara yalisogeleana ikazibwa, mamilioni ya miaka iliyopita. Tangu hapo kila upande una mikoko yake. Kwa hiyo ile kona iliyowashinda mikoko wa Brazil kwa mamilioni ya miaka, mkorosho wa Brazil uliipita kwa safari moja, ukiwa mzigo wa mtu. Mimi jambo hili linanishangaza mpaka leo.

Basi, niko kwenye boti, namuuliza nahodha mbona miti inabadilika kila tunavyopanda mto. Akacheka. "Mwanangu, kila mti na chumvi yake." Kisha akanionyesha. Kule mbele, bahari inakopiga, ni mlilana. Kwenye kingo za mikondo ya maji, mkoko. Nyuma yake mkandaa. Na juu kabisa, mto unakoizidi nguvu bahari, msikundazi. Mtu ungeweza kuchora mpaka wa maji chumvi na maji baridi kwa kuangalia miti tu.

Na hapo ndipo penye kesi. Mpunga nao hautaki chumvi. Kwa hiyo, upande wa kaskazini wa delta, mahali panapomfaa msikundazi ndipo panapomfaa mkulima. Ofisini mkulima anaitwa mvamizi wa hifadhi. Kijijini anakwambia babu yake alilima hapo hapo. Wote wawili, mkulima na mti, wamefuata maji yale yale. Sitetei ukataji, lakini neno "mvamizi" linaficha mengi.

Tena maji yenyewe sasa yana mwenye kuyafungulia. Bwawa la Julius Nyerere lilianza kujazwa Desemba 2022, na mwaka 2024 likaanza kuzalisha umeme. Mitambo yake yote kwa pamoja ni megawati 2,115. Umeme tunautaka, hata haya ninayaandika kwa umeme. Lakini bwawa hushika pia tope, na tope ndilo lililoijenga delta. Mto ukipungua nguvu msimu fulani, chumvi inapanda juu, na kila mti unalazimika kufuata chumvi yake. Na bahari nayo inapanda. Mkandaa utajaribu kurudi nyuma kuelekea nchi kavu, utakuta shamba. Msikundazi utarudi wapi? Na mwenye shamba, mpunga wake ukiungua na chumvi, naye atasogea wapi?

Zamani mahali pa mti paliamuliwa na joto la bahari na mkondo, halafu ikaja merikebu. Leo sehemu kubwa ya uamuzi iko kwa anayefungua na kufunga maji ya Rufiji. Ningependa siku anapopanga ratiba ya kuyafungulia, mezani awepo mtu anayeujua msikundazi kwa jina, na mkulima mmoja kutoka delta.

Haya, na wewe msomaji: huo mti uliopo uani kwenu, kwao ni wapi?